Tone Moja la Kumi Katika Mia

Jumatatu, 1 Julai 1912

Naandika tarehe ya Kizungu. Makusudi! Hapa Langoni, mtaa wetu wa Lamu, kila mtu anahesabu Rajabu, na Rajabu ni mwezi mtukufu, sina ugomvi nao, lakini msomi hutambulikana kwa tarehe yake.

Mimi ni Jeilani. Chuoni nilifika juzuu ya kumi na mbili, kisha mwalimu na mimi tukachoshana. Sasa nasoma hesabu kwa Daktari Framji, Mhindi wa nyumba ya dawa, alasiri, barazani kwake. Tulianza watano. Watatu walikimbia tulipofika kwenye "katika mia". Nimebaki mimi na Abdulhadi wa Mkomani, mtaa wa pili.

Katika mia ni hivi. Changanya dawa na maji, kisha mchanganyiko wote ugawe sehemu mia. Sehemu ngapi ni dawa? Zikiwa kumi, hiyo ni dawa ya kumi katika mia. Kali! Ikiwa moja, ni ya moja katika mia. Laini. Basi, imekwisha. Mimi nilielewa kabla daktari hajafunga mdomo. Abdulhadi aliomba arudiwe, kisha akaomba tena. Kichwa cha Mkomani hicho: kikubwa, na ndani mwangwi.

Daktari anatafuta msaidizi mmoja. Sioni kwa nini anaendelea kutafuta.

Bibi yangu, Bibi Mwanamkisi, macho yanamsumbua. Yeye ndiye mama yangu na baba yangu, kwani wazazi wangu wote wawili wako makaburini. Hushona kofia, na kofia zake watu huzijua kwa tundu zake, ndogo, za duara, kama zimetobolewa na mdudu mwenye akili. Tunakula kwa sindano hiyo. Leo ameshona tundu, akafumua, akashona, akafumua. Anasema tundu moja analiona mawili. Nikamwambia asijali, mjukuu wake anakaribia kuwa daktari. Akasema kukaribia si kufika.

Jumatano, 3 Julai

Siku ya aibu. Si yangu. Ya punda.

Bibi lazima aonekane na daktari. Lakini bibi yangu ni mwungwana wa zamani. Tangu alipoolewa hajakanyaga ndia mchana bila shiraa. Shiraa ni hema la kitambaa juu ya miti minne. Wanawake wanne wa nyumbani hushika miti, mwenye heshima hutembea katikati, na hakuna aonaye hata kisigino. Tatizo: wale waliokuwa wakishika wamepewa uhuru wao, na uhuru wameupenda. Nilikwenda kwa Mama Kadija, aliyekuwa akishika mti wa mbele miaka hiyo. Nikamwomba kwa adabu zote. Alicheka mpaka akakaa chini. Akasema nimsalimie sana bibi yangu, na akitaka kutoka, yeye Kadija yuko tayari, watembee ubavu kwa ubavu, kila mtu na miguu yake.

Nikafanya hila. Miti miwili ya nyuma nishike mimi. Miwili ya mbele nimfunge punda, mmoja kila upande. Punda nilimwazima kwa wabeba mawe. Bibi alisitasita, lakini macho yalikuwa yanamchoma, akakubali.

Tulikwenda vizuri mpaka kwa muuza nyama. Hapo punda mke akalia upande wa pwani.

Sina haja ya kueleza sana. Punda wetu alikwenda. Shiraa ilikwenda naye. Mimi nilishika miti mpaka ikaninyang'anya ngozi ya viganja. Bibi akabaki katikati ya ndia, na leso yake, peke yake, mkono mbele kama mtu anayetafuta mlango gizani. Wanaume kila upande!

Na nani anapita? Abdulhadi. Akageuka akatazama ukuta, akawaambia wengine wageuke. Wakageuka wote, muuza nyama na kisu chake mkononi, mstari mzima, kama watoto walioadhibiwa chuoni. Bibi akarudi nyumbani akipapasa kuta. Mimi nilikuwa bado namfukuza punda.

Bibi amekula kiapo. Mlango huu atautoka kwa jeneza.

Alhamisi, 4 Julai

Daktari amekuja mwenyewe. Bibi alikaa nyuma ya pazia la ndani, tukalitoboa tundu, akaleta jicho moja kwenye tundu hilo, kisha la pili. Daktari alipiga magoti na mshumaa na kioo cha kukuzia. Alichukua muda. Bibi alisema baadaye kwamba yule Mhindi ananuka karafuu lakini ana mkono wa adabu.

Kope zake kwa ndani zimeota chembechembe, kama mchanga. Dawa ipo, ya madini ya fedha. Tone moja kila jicho, kila asubuhi, ile laini, ya moja katika mia. Akitiwa hivyo, kabla ya Ramadhani atajitungia uzi mwenyewe. Asipotiwa, au akitiwa vibaya, atakuwa kipofu.

Aliposema kipofu alinitazama mimi. Kwa nini mimi?

Jambo lenyewe: chupa kubwa ni ya kumi katika mia, inakaa ndani ya sanduku, gizani, imefungwa kwa ufunguo. Ile laini haikai siku nyingi, lazima ichanganywe upya. Na Jumamosi daktari anakwenda Faza na Siyu kuchanja watu ndui. Lazima mtu abaki na ufunguo.

Kesho atatupima. Nimelala kidogo mchana ili akili isichoke.

Ijumaa, 5 Julai

Dhuluma!

Daktari aliuliza hivi. Una dawa ya kumi katika mia, unataka iwe ya moja katika mia. Kijiko kimoja cha dawa, vijiko vingapi vya maji?

Mtoto mchanga anajua. Kumi kwa moja ni kumi. Nikasema kumi, kwa sauti, Abdulhadi bado anatafuta chaki. Yeye akaandika, akafuta, akaandika, akatoa ulimi nje, halafu akasema tisa.

Tisa! Nilimcheka. Nikamwuliza kijiko cha kumi amekila?

Daktari akaniambia nitie kwa mkono wangu, maji matupu tu, kijiko kimoja tuseme ndicho dawa, na kumi vya maji, kisha nihesabu vyote. Nikahesabu. Kumi na moja. Akauliza: basi kijiko chako cha dawa ni kimoja katika ngapi? Nikamwambia hicho kijiko kilikuwa kimejaa sana. Abdulhadi akatazama sakafu. Anajua kutazama sakafu, huyo.

Ufunguo amepewa yeye. Mimi nimepewa kazi pia. Kila asubuhi Abdulhadi ataleta kichupa mpaka dakani kwetu, kibarazani mbele ya mlango, na kwa kuwa si maharimu hawezi kuingia, mimi nitakipokea mlangoni, nikampelekee bibi na kumtia.

Hamali! Mimi, Jeilani, hamali wa kichupa!

Jumatano, 10 Julai

Kila asubuhi ni hivyo hivyo. Hodi moja, ya chini. Nafungua. Abdulhadi yuko dakani, macho kwenye kizingiti, kichupa kimefungwa kitambaa cheusi. Anasema tone moja, Jeilani, moja kila jicho. Kila siku anasema. Kana kwamba jana nilimtia kibaba.

Na dawa inafanya kazi, hilo ndilo linaloniua. Bibi anasema mchanga umepungua. Leo amekaa kwenye mwanga wa ua akashona nusu ya kofia bila kufumua. Akainua mikono. Nikasema amina kabla sijasikia dua ya nani. Alikuwa anamwombea "yule kijana wa Mkomani".

Nyumbani mwangu! Na amina nimeitikia mimi!

Hapana. Bibi ataponywa na damu yake.

Ijumaa, 12 Julai

Ufunguo nimeupata. Nimeurudisha. Yote ndani ya sala moja. Nani mwingine Lamu anaweza?

Jana ulikuwa usiku wa Miraji, na Abdulhadi alikesha msikitini, kwa hiyo leo Ijumaa alikuja na macho ya samaki wa juzi. Alivua koti ili atawadhe kwenye birika, akalitundika ukutani. Ufunguo mfukoni. Mimi nilikuwa nimeshatawadha, nimesimama karibu na koti, nimejaa unyenyekevu. Watu walipofunga safu nikatoka. Nyumba ya dawa, sanduku, chupa kubwa. Nikamimina kiasi ndani ya kichupa tupu cha marashi cha bibi. Nikafunga. Nikarudi wako tahiyatu. Ufunguo mfukoni mwa koti, mimi safuni, salamu kulia, salamu kushoto. Wa kushoto kwangu alikuwa Abdulhadi!

Sala sijaipata, kweli. Lakini Mungu anajua nilikuwa katika kazi ya rehema.

Jumamosi, 13 Julai

Kichupa cha Abdulhadi kimekwenda chooni. Bibi ametiwa dawa ya mjukuu wake.

Nilichanganya kwa hesabu yangu: kijiko kimoja, maji kumi. Tisa yake abaki nayo. Maji nilichota kisimani kwetu uani, yana chumvi kidogo, daktari hutumia ya mvua yaliyochemshwa, lakini hayo ni maringo. Ajabu! Dawa ilipogusa maji ikageuka nyeupe, maziwa matupu. Ya Abdulhadi ni kama maji ya kunawa. Yangu ina uso.

Nilimtia. Nikangoja. Bibi akauliza je, nimekwisha kumtia? Nikasema ndiyo. Akasema leo haikuwasha hata kidogo. Nikamwambia ndiyo ubora wenyewe.

Vidole vyangu vitatu vimekuwa vyeusi. Nimesugua kwa ndimu, kwa mchanga, kwa majivu. Vimezidi.

Jumatatu, 15 Julai

Macho ya bibi yamerudi nyuma. Asubuhi kope zilikuwa zimegandana, nikazilainisha kwa maji ya moto na pamba. Usaha. Hakulalamika. Aliuliza tu kama kuna kitu kimebadilika. Nikasema dawa inashusha mizizi. Akasema, "Mizizi yaingia wapi, mwanangu? Haya ni mato, si shamba."

Kofia imekaa mkekani tangu jana. Ameiweka juu ya magoti, anaipapasa tundu zake kwa kidole, hashoni.

Abdulhadi ameviona vidole vyangu. Akauliza vimefanyaje. Nikamwambia wino wa ngisi. Akasema ngisi husafishika. Nikamwambia huyu alikuwa ngisi wa Kiwayu. Akasimama pale dakani muda mrefu kuliko adabu inavyoruhusu. Akasema kama nimegusa ile chupa kubwa nimwambie sasa hivi, hatamwambia daktari, ila nimwambie. Nikamwapia. Sikusema nimeapia nini.

Halafu nikamtega. Nikamwuliza, kama mtu anayeuliza kwa ajili ya elimu tu: tone moja la dawa ya kumi na matone kumi ya dawa ya moja, fedha iliyomo si ni ile ile? Akafikiri. Ulimi nje. Akasema ndiyo, ni ile ile.

Ahaa!

Lakini hakunyamaza, hawezi kunyamaza huyo. Akasema pilipili moja ukiitia katika sufuria ya mchuzi, na pilipili moja ukiitafuna kavu, ni pilipili ile ile. Ulimi ndio unaojua tofauti. Nikamwambia hapa tunasoma hesabu, mapishi akamwulize mama yake.

Jumanne, 16 Julai

Nimelala chali juu ya dari siku nzima na nimeikamilisha hesabu. Naiandika hapa ili watakaokuja wajue ilitoka kichwa gani.

Kwanza. Dawa yangu imekuwa laini mno, kwa sababu ya vile vijiko kumi. Nakiri: kisima kimechangia.

Pili. Nilijaribu kuongeza nguvu. Dawa ya moja, na dawa nyingine ya moja, changanya, zitakuwa mbili. Nilichanganya kichupa cha Abdulhadi cha leo na cha jana. Nikaonja kwa ncha ya ulimi. Ni kama zamani. Kuna kosa mahali, lakini si langu.

Tatu, na hapa ndipo alipo Jeilani mwenyewe. Kwa nini tuchanganye? Maji ya nini? Daktari anataka matone laini kwa sababu hajui kupunguza matone. Bibi amekosa dawa tangu Jumamosi. Jumamosi, Jumapili, Jumatatu, Jumanne: anadai. Tone moja la kumi lina fedha sawa na matone kumi ya moja. Abdulhadi mwenyewe amekubali! Basi kesho tone moja tu, moja kwa kila jicho, kutoka kichupa cha marashi, bila maji. Deni linalipwa siku moja na salio linabaki.

Kesho kutwa anatunga uzi. Daktari akirudi namwambia nani alifanya.

Jumatano, 17 Julai

Nilianza na jicho la kulia.

Tone moja. Moja tu, wallahi.

Sikujua kwamba bibi ana sauti ile. Alinipiga kifuani nikaangukia mlango wa ndani, kichupa kikavunjika, na hilo ndilo lililookoa jicho la pili. Akawa anazunguka chumbani anagonga vitu. Mimi nilisema nini? Nadhani nilisema tulia, bibi, inafanya kazi.

Abdulhadi alikuwa dakani bado hajaondoka. Aliingia. Bila hodi! Alipita ukumbi, akapita pazia, akaingia mpaka ndani kabisa, mahali ambapo hata ami yangu hukohoa kwanza. Bibi kichwa wazi, nywele zake nyeupe nje. Alimshika kichwa, akamlaza, akaniambia nilete maji ya kisima, yale yale ya chumvi, kwani chumvi huua dawa ya fedha, ndoo nzima, upesi. Nikaleta. Akammwagia jichoni, akammwagia, akammwagia. Maji yalikuwa yanatoka meupe kama maziwa. Aliponyamaza bibi, Abdulhadi akachukua leso, akamfunika kichwa vizuri, akageuka akatazama ukuta.

Akabaki hivyo, uso ukutani, akilia.

Alhamisi, 18 Julai

Nimekwenda kushtaki.

Nimewaambia majirani: kijana wa Mkomani ameingia ndani kwetu bila hodi na ameuona uso wa bibi yangu. Nimemwambia muuza nyama. Nimemwambia mwalimu wangu wa chuo. Hivi ndivyo mji unavyoharibika! Mwalimu aliuliza alikuwa anafanya nini humo ndani. Nikasema alikuwa anamwaga maji. Akauliza kwa nini. Nikaona anauliza sana.

Mama Kadija amekuja. Hakuitwa. Amekaa kitako kando ya bibi, anambadilishia kitambaa, na macho yote mawili yamefungwa. Bibi hakumwambia aondoke. Wameshikana mikono kama wasichana. Mimi nikipita Mama Kadija anakohoa.

Saa sita mchana, jua limewaka uani mpaka kuta zinauma macho, bibi aliniita kwa jina. Nikajibu labeka. Akauliza:

"Jeilani, kumekucha?"

Nikasema bado kidogo.

Jumatatu, 22 Julai

Daktari amerudi. Abdulhadi alimpokea gatini na akamweleza yote kabla mimi sijavaa viatu. Mpelelezi.

Hakunigombeza. Ningependa anigombeze. Alipiga magoti tena kwenye lile tundu la pazia, na Bibi akasema lifunueni tu, limekwisha kuonekana la kuonekana. Akafungua kitambaa. Kile cheusi cha jicho la kulia kimekuwa cheupe, kama nyama ya nazi. Akapitisha mshumaa. Akapitisha tena. Akauliza: hapa? Bibi akasema hapa wapi?

La kushoto linaona. Ataendelea na dawa laini, na atakayemtia ni Mama Kadija.

Tulipotoka dakani daktari akanipa kibao na chaki, akaniambia niandike. Tone moja la kumi, matone kumi ya moja, fedha ni sawa au si sawa? Nikaandika. Sawa. Akasema vizuri, hesabu ni sahihi. Nikamtazama Abdulhadi, umesikia? Daktari akasema, "Jicho halipimi fedha iliyoingia, Jeilani. Linapima ukali wa tone linalogusa."

Akanichukulia kibao. Nilimwambia kibao ni chake, lakini chaki ni yangu. Akanichukulia na chaki.

Jumamosi, 27 Julai

Abdulhadi ni msaidizi wa daktari. Amepewa koti jeupe. Mabega yanamning'inia. Mimi ningelijaza.

Bibi amejaribu kushona. Jicho moja halijui umbali. Anapeleka sindano kwenye kitambaa na sindano inapita hewani, anapeleka tena, inampiga kidole. Alishona tundu tano. Kofia ni nyeupe, na damu haitoki vizuri kwenye kofia nyeupe. Aliisugua kwa maji baridi, akaitazama karibu sana na uso, akaisugua tena, halafu akaikunja akaiweka chini ya mto.

Nikamwambia nitamtungia uzi, mimi naona vizuri. Akasema uzi si kitu. Akasema, "Uzi nautunga, Jeilani. Ni pa kuupeleka ndipo nisipopaona."

Jioni Mama Kadija alileta wali na samaki. Alileta sahani mbili. Tuko watu watatu nikimhesabu yeye. Nilikula ya bibi, hakuwa na hamu.

Jumanne, 30 Julai

Nimepewa safari! Nakwenda Siyu kwa ami yangu Madi, kwenye mashamba. Bibi ndiye aliyetaka. Nilimwuliza kwa nini, nani atamsaidia hapa? Akasema kwamba akizisikia nyayo zangu zinakuja, lile jicho zuri linafumba lenyewe, na yeye hawezi kulizuia.

Nimelifikiria sana neno hilo. Nadhani ni mapenzi. Watu wazima wakipenda sana huwa hawataki kutazama.

Aliniombea dua ndefu mlangoni. Aliponishika kichwa alikikosa mara ya kwanza, akashika hewa, halafu akakipata. Abdulhadi alikuwa dakani na kichupa. Nilimpita bila salamu. Akaniambia, "Nenda salama, ndugu yangu." Jeuri ya mtu mwenye koti!

Ijumaa, 9 Agosti, Siyu

Huku ndiko kwenye watu wanaojua thamani ya mtu. Nimewaambia nilikuwa nasoma udaktari Lamu. Si uongo. Nilikuwa nasoma, na ilikuwa Lamu.

Hesabu yangu nimeipima upya kwa utulivu, huku nikipalilia mihogo, na hasara si kama wanavyosema. Bibi alikuwa na macho mawili mabovu. Moja limepona kabisa. Moja katika mawili ni hamsini katika mia! Mtu akipata hamsini katika mia kwa jaribio lake la kwanza, tena bila ufunguo, bila kibao, watu wa haki wangempa nusu ya koti angalau.

Mke wa ami yangu, Bi Umulkheir, ana macho mekundu tangu Jumatatu. Vumbi la mtama, nadhani, au moshi. Machozi hayakauki. Jana aliniuliza, mwanangu, si wasema ulikuwa kwa daktari? Mtoto wake mdogo ananyonya, na usiku akiamka kumpapasa hamwoni vizuri, anaogopa kumlalia. Alikuwa anaona haya kuuliza. Nikamwambia hakuna haya katika elimu.

Dawa ya fedha huku hakuna. Lakini ndimu zipo, mti mzima. Nimeikata moja nikaionja, nikaipigia hesabu: ndimu kwa ukali wake haizidi tano katika mia. Nataka ya moja. Tano kwa moja ni tano. Badala ya matone matano, basi, tone moja tu. Maji ya nini?

Ami Madi yuko shamba mpaka magharibi. Nimekamulia kwenye kifuu, nimechuja kwa leso safi, kokwa hakuna. Bi Umulkheir ameshalala chali ukumbini, mtoto amemweka kando, anafumbua macho kwa vidole vyake mwenyewe kama nilivyomfundisha. Ananiita, daktari, upesi kabla mtoto hajaamka.

Naingia. Wala sina wasiwasi. Kosa la Lamu nimelitafakari ndia nzima mpaka nimelipata: nilianza na jicho la kulia. Leo naanza na la kushoto.